Hayakawa alipopata kampuni yake mwenyewe

Mwaka 1918, jijini Los Angeles, mwigizaji wa Kijapani aliyeitwa Sessue Hayakawa alifungua kampuni ya filamu. Aliipa jina la Haworth Pictures Corporation, akiunganisha jina lake na la mwongozaji wake, William Worthington. Wakati huo sheria ya Marekani haikumruhusu mtu aliyezaliwa Japani kupewa uraia, hata angeishi huko mpaka kuzikwa. Sheria ya California ilimzuia kununua shamba, na ilikataza Mjapani kuoana na mzungu. Lakini mtu huyohuyo, asiyeweza kupiga kura wala kumiliki ekari moja ya kulima, akawa mwenye kampuni, akachagua hadithi, akajipa nafasi ya steringi, na picha zake zikaonyeshwa Marekani nzima hadi Ulaya.

Zaidi ya miaka mia imepita na watu wanaofuatilia historia ya sinema bado hawajakubaliana kuhusu yeye. Wapo wanaomwona shujaa aliyewafungulia mlango waigizaji wote wenye asili ya Asia. Wengine wanamwona mtu aliyetajirika kwa kuwauzia wazungu picha ya Mjapani waliyoitaka wao: mzuri wa sura, mkatili wa moyo, na wa kuondolewa kabla taa za ukumbi hazijawashwa. Nimezipima hoja za pande zote mbili, na naona zote zimejikita mno kwenye filamu moja ya mwaka 1915 ambayo Hayakawa hakuiandika, hakuiongoza, wala hakuwa na hata senti yake ndani. Mimi nadhani tumpime kuanzia 1918. Kabla ya hapo alikuwa mwajiriwa. Baada ya hapo alikuwa na uamuzi mikononi mwake, na mtu akiwa na uamuzi ndipo tunapoweza kumdai.

Lakini huwezi kuiruka filamu hiyo ya 1915, maana ndiyo iliyomfanya awe Hayakawa.

Alizaliwa mkoani Chiba mwaka 1886, na jina lake la kuzaliwa lilikuwa Kintaro. Kwa maelezo yake mwenyewe, ndoto ya kuwa ofisa wa jeshi la majini ilikatika alipoumia sikio. Alikwenda Marekani akiwa kijana, na baadaye akajikuta kwenye jukwaa la maigizo katika mtaa wa Wajapani wa Los Angeles, Little Tokyo. Aliyemsaidia kupata mlango wa sinema ni mwanamke ambaye wasimuliaji wengi humtaja kwa haraka kuliko anavyostahili: Tsuru Aoki. Aoki alikuja Marekani akiwa mtoto mdogo mwaka 1899, pamoja na kundi la maigizo la Kawakami Otojiro, na alikuwa tayari anaigiza filamu kwa mtayarishaji Thomas Ince kabla Hayakawa hajasimama mbele ya kamera. Mwaka 1914 wote wawili waliigiza katika The Wrath of the Gods na The Typhoon, na mwezi Mei mwaka huohuo wakaoana. Mwaka uliofuata Hayakawa alikuwa kwenye kampuni ya Jesse Lasky, chini ya mwongozaji Cecil B. DeMille, akiigiza The Cheat.

Hadithi yake ni hii. Edith, mke wa mfanyabiashara mzungu, anapenda anasa kuliko kipato cha mumewe. Anachukua dola 10,000 za Msalaba Mwekundu zilizochangwa kwa ajili ya wakimbizi wa Ubelgiji, anazitia kwenye hisa, zinapotea. Mjapani tajiri, mfanyabiashara wa pembe za ndovu aitwaye Hishuru Tori, anampa fedha hizo, na makubaliano ya jinsi atakavyolipa kila mtazamaji anayaelewa bila kuandikiwa. Mume akipata faida kwenye hisa zake, Edith anataka kurudisha fedha kwa hundi. Tori anakataa. Anamshika, anamvuta hadi kwenye meza yake, anachukua chuma kilichokuwa kwenye makaa, kile anachotumia kugonga muhuri wake kwenye vinyago anavyomiliki, na anamchoma begani.

Itazame sehemu hiyo kwa makini, maana ndani yake mna ubishi wote. DeMille ameacha chumba kiwe giza, mwanga unatoka upande mmoja, nusu ya uso wa Hayakawa haionekani. Fannie Ward, aliyeigiza Edith, anafanya kama waigizaji wengi wa miaka ile walivyofanya: mikono juu, kichwa nyuma, mwili mzima unapiga kelele kwa sababu sauti haipo. Hayakawa karibu hatikisiki. Anatazama tu. Anapofunga mdomo, taya linakaza kidogo, basi. Kisha Edith anampiga risasi ya bega, na tunamwona Tori akiteleza nyuma ya ukuta wa karatasi, kivuli chake kinashuka, damu inabaki kwenye karatasi. Ni uigizaji wa kiwango ambacho sinema ilikuwa bado haijakizoea. Filamu ilipofika Paris mwaka 1916, mwandishi Colette aliisifu gazetini, na mhakiki Louis Delluc naye akawa miongoni mwa waliomwona Hayakawa kama ushahidi kwamba sinema ni sanaa yenye njia yake, si tamthilia iliyopigwa picha.

Na huohuo utulivu ndio uliotumika kumfanya awe tishio. Katika mahakama ya mwisho wa filamu, Edith anafunua bega lake, watu wanaona kovu, na ukumbi mzima unamrukia Tori kutaka kumuua. Mtazamaji anaelekezwa ashangilie. Ilikuwa California, mwaka 1915, miaka miwili tu baada ya sheria ya ardhi iliyotungwa kuwazuia wakulima wa Kijapani.

Wajapani waliokuwa Los Angeles walielewa mara moja maana yake kwao. Gazeti lao, Rafu Shimpo, liliishambulia filamu na kumshambulia mwigizaji. Mwishoni mwa mwaka huo Hayakawa alichapisha tamko la kuomba radhi katika gazeti hilohilo. Japani nako alionekana mtu aliyelidhalilisha taifa. Filamu ilipotolewa tena mwaka 1918, wakati Japani ikiwa upande mmoja na Marekani katika Vita Kuu, maandishi ya kwenye kioo yalibadilishwa: Hishuru Tori akawa Haka Arakau, mfalme wa pembe za ndovu kutoka Burma. Sura ileile, nyumba ileile, chuma kilekile. Burma ilikuwa koloni la Waingereza na haikuwa na balozi wa kwenda kulalamika Washington. Hilo linaonyesha jinsi kampuni ilivyowapima watu: kosa halikuwa kudhalilisha, kosa lilikuwa kumdhalilisha mwenye uwezo wa kulalamika.

Wanaomlaumu wanauliza: kwa nini alikubali? Ni swali la haki, lakini lina jibu jepesi. Alikuwa mwigizaji wa kulipwa, na nafasi nyingine ambazo mtu wa sura yake alipewa zilikuwa za mpishi, mtumishi au dobi. Kama angekataa, nafasi ile angepewa mzungu aliyepakwa rangi na kuvutwa macho kwa gundi, na chuma kingemgusa Fannie Ward vilevile. Silitoi jibu hilo kumsafisha. Ninalitoa kwa sababu yeye mwenyewe hakulitegemea. Mapema mwaka 1916 alilalamika hadharani, kwenye jarida la sinema, kwamba nafasi za namna hiyo si za kweli kwa Wajapani na zinawapa watu picha mbaya, na kwamba anataka kuigiza watu wake kama walivyo. Hapo ndipo ahadi ilipotolewa, na ahadi ndiyo ninayotaka kuipima.

Kwanza ilimbidi angoje. Kati ya 1916 na 1918 Lasky ilimtumia kama ilivyotaka. Alikuwa Mhindi katika The Victoria Cross, jambazi wa Mexico katika The Jaguar's Claws, Mhawaii katika Hidden Pearls, chotara wa Kichina katika The City of Dim Faces. Kwa kampuni, mtu asiye mzungu alikuwa mtu asiye mzungu, nchi aliyotoka ni suala la mavazi. Lakini kuna jambo jingine lililokuwa likiendelea. The Cheat ilikuwa imewaletea fedha nyingi, dola 137,000 na ushei kwa filamu iliyogharimu dola 17,000 hivi, na wanawake wazungu walikuwa wamempenda adui kuliko walivyompenda mume. Kampuni haikuweza kumwacha abaki adui tu. Ikambidi imfanye steringi.

Hapo ndipo wakagonga ukuta. Sisi tuliokulia kwenye vibanda vya video tunajua kanuni: steringi hafi, na mwisho anaondoka na binti. Hayakawa alikuwa steringi wa aina nyingine. Alipenda, akapendwa, na mwisho ulipokaribia alijitoa mhanga ili mwanamke mzungu abaki na mwanamume mzungu. Filamu baada ya filamu, ushujaa wake ulikuwa ni kujiondoa. Sheria ya ndoa ya California iliingia moja kwa moja kwenye hadithi, na waandishi waliifuata hata pale ambapo hakuna aliyewaandikia barua kuwaagiza. Wakosoaji wake wana haki kabisa kusema kwamba hadithi hizo, kwa upole wake wote, zilifundisha somo moja na lile la chuma: huyu hapa si kwao.

Sasa twende kwenye kampuni.

Haworth ilitengeneza filamu zipatazo ishirini katika muda wa miaka michache. Hayakawa alikuwa na sauti katika kuchagua hadithi, alikuwa na usemi juu ya waigizaji, na mkewe alipata nafasi za maana. Fedha zilikuja kwa kasi. Alinunua nyumba kubwa ya mawe iliyofanana na ngome, akafanya karamu ambazo Hollywood nzima ilizungumzia. Wapo wanaozitumia karamu hizo kama ushahidi dhidi yake, eti alisahau alikotoka. Mimi siipi hoja hiyo uzito wowote. Mwigizaji mzungu Douglas Fairbanks naye alifanya karamu na hakuna anayemuuliza alisahau nini. Tuziangalie filamu zenyewe.

Iliyo bora kati ya zilizobaki ni The Dragon Painter ya mwaka 1919. Hayakawa ni Tatsu, mchoraji kichaa anayeishi peke yake milimani, akichora bila kukoma kwa sababu anaamini kuna binti wa kifalme aliyegeuzwa joka miaka elfu iliyopita, naye anamtafuta kwenye kila maporomoko ya maji. Mzee Kano Indara, mchoraji mkuu asiye na mrithi, anasikia habari zake na kumvuta mjini kwa kumwahidi kwamba binti huyo amepatikana. Ni binti yake mwenyewe, Ume-ko, anayeigizwa na Tsuru Aoki. Tatsu anamwoa, anapata furaha, na kipaji kinakauka. Mikono haichori tena. Ume-ko akiona hivyo anatoweka, akiacha waamini amejiua, na huzuni inamrudishia mumewe brashi. Filamu inaisha wakiwa wamekutana tena.

Tazama ni nini hakimo. Hakuna mzungu hata mmoja kwenye hadithi. Hakuna mwanamke wa kuokolewa kutoka kwa mtu wa Mashariki, hakuna polisi, hakuna siri ya mtaa wa Wachina. Mwanamume wa Kijapani na mwanamke wa Kijapani, walioigizwa na watu waliokuwa mume na mke kweli, wanapendana, wanagombana, wanapoteana, wanapatana. Hayakawa anacheka katika filamu hii, anakimbia, anarusha karatasi, anapanda mawe kama mtoto. Ule utulivu wa The Cheat ameuweka kando kwa sababu hapa hahitaji kumtisha mtu. Kama aliitimiza ahadi yake ya 1916 hata mara moja tu, aliitimiza hapa.

Lakini endelea kutazama. Milima ile ya Japani ni Yosemite, California. Hilo si tatizo kubwa, sinema huazima milima kila siku. Hadithi imetoka kwenye riwaya ya mwanamke wa Kimarekani, Mary McNeil Fenollosa, aliyewahi kuishi Japani, na Japani yenyewe ni ile ya vitabuni: taa za karatasi, vibustani, madaraja, kimono. Japani halisi ya 1919 ilikuwa na viwanda vya chuma, treni za umeme na migomo ya wafanyakazi. Hiyo haikuingia. Na Kano Indara, yule mzee mwenye hekima, mtu wa pili kwa umuhimu katika filamu yote? Anaigizwa na Edward Peil, mzungu aliyepakwa vipodozi. Los Angeles haikukosa waigizaji wa Kijapani wenye umri na uzoefu. Baadhi yao wamo ndani ya filamu hiyohiyo kwenye nafasi ndogo. Nilipolijua hilo lilinikera kuliko The Cheat nzima. Pale kwa Lasky, Hayakawa alikuwa ameshikiliwa. Hapa kampuni ilikuwa yake.

Mwaka huohuo wa 1919 Haworth ikatoa The Tong Man. Hii ni hadithi ya mtaa wa Wachina wa San Francisco: magenge, kasumba, mashoka, mauaji ya kulipwa, na Hayakawa ndiye muuaji anayependa binti wa mtu aliyeagizwa kumuua. Wachina waliokuwa Marekani waliilalamikia kwa sababu zilezile ambazo Wajapani walikuwa wameilalamikia The Cheat miaka minne kabla. Safari hii hapakuwa na Lasky wa kumtwika lawama. Mtu aliyeumizwa na picha ya uongo ya watu wake alitengeneza picha ya uongo ya jirani zake, akaiuza kwa wateja walewale. Watetezi wake huipita filamu hii upesi, wakisema zilikuwa zama hizo. Hapana. Alikuwa amesoma malalamiko ya Rafu Shimpo kwa lugha yake mwenyewe. Alijua vizuri sana filamu ya namna hiyo inamfanyia nini mtu anayepita mtaani kesho yake.

Basi hoja ya kwamba hakuwa na hiari inakufa mwaka 1918. Na hoja ya kwamba alikuwa kibaraka tu nayo inakufa na The Dragon Painter. Kinachobaki ni swali gumu zaidi: kama kampuni ilikuwa yake, ni nini kilichokuwa bado kinamshika mkono?

Jibu langu ni soko. Kutengeneza filamu ni nusu ya kazi. Nusu nyingine ni kuifikisha kwenye majumba, na hapo Haworth ilitegemea wasambazaji, hasa kampuni ya Robertson-Cole, ambayo nayo ilitegemea wenye majumba ya sinema katika miji ambayo huenda haikuwa na Mjapani hata mmoja. Sensa ya mwaka 1920 ilihesabu Wajapani takriban 111,000 katika nchi yenye watu zaidi ya milioni 105, na wengi wao walikuwa California. Hata kila mmoja angelipa tiketi ya kila filamu, fedha hizo zisingetosha kuendesha kampuni. Mtazamaji aliyemlipa Hayakawa alikuwa mzungu, mara nyingi mwanamke, na alikuwa tayari ameshaambiwa na filamu zilizotangulia Mjapani anatakiwa kuonekanaje.

Linganisha na watu wawili wa zama zake. Mwaka huohuo wa 1919 Oscar Micheaux, Mmarekani mweusi aliyekuwa mkulima Dakota Kusini, alitoa filamu yake ya kwanza, The Homesteader. Micheaux hakuwa na ngome wala karamu, na fedha zilimpiga chenga maisha yake yote. Lakini Wamarekani weusi walikuwa zaidi ya milioni 10, kulikuwa na majumba ya sinema yaliyowahudumia wao, na kulikuwa na magazeti yao ya kutangazia. Aliweza kuwatengenezea watu wake filamu na watu wake wakazinunua. Hayakawa hakuwa na hadhira hiyo.

Wa pili ni Marion Wong, binti wa Kichina wa Oakland. Katika mwaka 1916 alianzisha Mandarin Film Company, akaandika na kuongoza The Curse of Quon Gwon, akawaweka ndugu na jamaa zake mbele ya kamera, na akasimulia habari za familia ya Kichina inayovutana kati ya mila na maisha ya Marekani. Hakupaka mzungu vipodozi awe Mchina. Hakuweka mashoka. Alifanya kile ambacho wakosoaji wanataka Hayakawa angekifanya. Hakuna msambazaji aliyeinunua. Kampuni ikafa na filamu yake hiyo moja, na kwa miaka mingi karibu hakuna aliyejua kwamba ipo, mpaka ilipokuja kuingizwa kwenye hifadhi ya taifa ya filamu ya Marekani mwaka 2006.

Mfano wa Wong ndio unaonifanya nisite kila ninapotaka kumhukumu Hayakawa kwa ukali. Yeye alibaki msafi na hakuonekana. Hayakawa alionekana na mamilioni ya watu, na alilipa kwa kuchanganya ukweli na kile kilichozoeleka. Sioni njia ya tatu iliyokuwa wazi mbele yao mwaka 1919. Lakini kati ya kumfuata Wong hadi kufilisika na kutengeneza The Tong Man palikuwa na nafasi pana. Angeweza kumpa mzee wa Kijapani nafasi ya Kano Indara na hakuna jumba la sinema Ohio ambalo lingerudisha nakala kwa sababu hiyo. Angeweza kukataa hadithi ya magenge ya Kichina na kuchukua nyingine ya mapenzi na sadaka, aina ambayo watazamaji walishaizoea kwake. Nafasi hiyo ndogo aliyokuwa nayo, alipoitumia alitupa The Dragon Painter, na alipoiacha aliwaumiza watu wasio na ngome ya kujificha. Ukiniuliza ninaegemea wapi, nasema mchango wake ni mkubwa kuliko madhara yake, kwa sababu madhara yale yangefanywa na wengine bila yeye, na yalifanywa, ilhali mchango ule hakuna mwingine aliyekuwa mahali pa kuutoa. Lakini Wachina wa San Francisco wanamdai, na sifa zake hazilifuti deni hilo.

Kuna jambo linalowapa watetezi wake nguvu zaidi kuliko wanavyolitumia, nalo ni kilichotokea mara tu alipoondoka. Hali ya kisiasa ilikuwa inabana. Mwaka 1920 California ilikaza sheria yake ya ardhi. Uhusiano wa Hayakawa na Robertson-Cole uliharibika, na mwaka 1922, baada ya The Vermilion Pencil, aliacha Hollywood. Novemba mwaka huohuo Mahakama Kuu ya Marekani iliamua kesi ya Takao Ozawa, Mjapani aliyekuwa ameishi Marekani miaka 20 na kusomea huko, na kusema kwamba hawezi kuwa raia kwa sababu si mzungu. Sheria ya uraia ilikuwa inawaruhusu wazungu na, tangu 1870, watu wenye asili ya Afrika. Wa Asia hawakutajwa. Mwaka 1924 bunge likafunga kabisa mlango wa wahamiaji wa Kijapani. Miaka sita baadaye kampuni kubwa za filamu zikakubaliana kanuni za maadili zilizokataza waziwazi kuonyesha mapenzi kati ya mzungu na mweusi, na studio zikazitumia kuwabana waigizaji wa Asia pia.

Hayakawa akaenda Ufaransa, akaigiza La Bataille mwaka 1923, akafanya kazi Uingereza, akarudi kwenye filamu za Marekani sauti ilipoingia na kuigiza Daughter of the Dragon mwaka 1931 pamoja na Anna May Wong, mwigizaji wa Kimarekani mwenye asili ya Kichina. Vita ya pili ilimkuta Ufaransa, akaishi kwa kuuza michoro yake. Wakati huo, huko California, amri ya rais ya Februari 1942 iliwakusanya watu wapatao 120,000 wa asili ya Kijapani na kuwatia kambini, wengi wao wakiwa raia kwa kuzaliwa. Sidai kwamba sinema ndiyo iliyowatia kambini. Lakini watu waliokaa kimya wakitazama majirani zao wakipakizwa kwenye mabasi walikuwa wamekaa miaka 27 wakitazama Wajapani wa kwenye kioo, na katika miaka hiyo ni wachache tu walioonyeshwa wakipenda, wakicheka na kurudi nyumbani salama. Karibu wote hao walitoka Haworth, kampuni iliyokuwa imefungwa.

Alirudi Hollywood baada ya vita, kampuni ya Humphrey Bogart ilipomtafuta kwa ajili ya Tokyo Joe ya mwaka 1949. Mwaka 1957, akiwa na zaidi ya miaka 70, aliigiza Kanali Saito katika The Bridge on the River Kwai na kupendekezwa kwa tuzo ya Oscar ya mwigizaji msaidizi. Ni kazi nzuri mno. Ile sehemu anayolia peke yake chumbani baada ya kushindwa na mfungwa wake, ni uigizaji wa mtu aliyefanya kazi hiyo kwa miaka 40 na zaidi. Ila ni ofisa mkatili wa Kijapani anayekufa mwishoni, katika filamu ya kampuni ya watu wengine. Watu wengi wanamjua kwa huyo na kwa Tori, yaani mwanzo na mwisho, vipindi viwili ambavyo hakuwa na usemi.

Filamu nyingi za Haworth zimepotea. The Dragon Painter ilinusurika kwa sababu nakala yake ilipatikana Ufaransa, na mwaka 2014 nayo iliingizwa kwenye hifadhi ya taifa ya Marekani, miaka 21 baada ya The Cheat. Wanaofundisha historia ya sinema, na hata sisi tunaoandika kuihusu, tumezoea kumwonyesha Hayakawa kwa kile kipande cha chuma na bega, kisha tunaingia kwenye mjadala wa taswira. Inachukua chini ya saa moja kuitazama The Dragon Painter. Zionyeshwe zote mbili wiki moja, na wanafunzi waambiwe mapema mzee Indara ni nani hasa chini ya vile vipodozi.